Alama ya Kufunga Siku

Fundi rangi ndiye aliyeziona kwanza. Alikuwa anakwangua chokaa ya zamani kwenye chumba cha marehemu mama yangu, Ujiji, mimi niko uani natenga vyombo vya kugawia ndugu, mara akaniita kwa sauti ya mtu aliyekanyaga kitu asichokijua. "Dada, hebu njoo. Huku ndani kuna mtu alikuwa anaandika." Niliingia na kikombe mkononi. Nyuma ya pale lilipokaa kabati miaka yote, chokaa ilikuwa imeshindwa kushika, na ukuta umejaa madoa ya hudhurungi yaliyopangwa safu kwa safu, kila doa duara lenye mkia. Nikasogeza pua. Naapa kwamba bado yalikuwa yananuka mawese.

"Ni uchawi, dada?" fundi akauliza. Alikuwa amesharudi nyuma hatua mbili.

"Siyo uchawi," nikamwambia. Lakini katika utoto wangu ilikuwapo miezi minne na kitu ambayo ningekula yamini mbele ya maalimu wangu kwamba ni uchawi, tena ule mkubwa, na kwamba mchawi mwenyewe alikuwa akinichana nywele kila Ijumaa.

Mimi ni mtu wa kushuku, na sijifichi. Wanangu wananicheka. Nikiambiwa mgeni yuko njiani, nauliza njia ipi. Nikialikwa harusini nataka kujua nani mwingine kaalikwa. Daktari akinitabasamia kabla ya kunipa majibu, naomba karatasi niisome mwenyewe. Watu hudhani nimezaliwa hivi, lakini tabia hii najua ilikoanzia. Ilianzia mbele ya ukuta ule, nikiwa na miaka saba na mapengo mawili mdomoni.

Baba yangu alikuwa akivusha chumvi na sabuni kwenda Kalemie, ng'ambo ya ziwa, na kurudi na vitenge. Sebuleni tulikuwa na saa ya ukutani yenye picha ya maua, na kando yake kalenda kubwa. Mwezi ukiisha, baba alininyanyua juu, nami nikafunua karatasi mpya. Hakuna mwingine aliyeruhusiwa. Akiwa safarini mwezi ukageuka, kalenda ilimsubiri mpaka arudi, na mama alisema nyumba yetu ndiyo pekee Ujiji nzima inayoishi mwezi uliopita.

Safari moja alichelewa. Kabla sijaanza kuuliza, nikafungiwa nguo zangu kwenye kanga nikapelekwa Simbo kwa mama mdogo, bila sababu, katikati ya wiki. Nilikaa kule siku nyingi nikila mihogo na kufukuza kuku. Mama mdogo, ambaye kwa kawaida mkono wake ulikuwa mwepesi, hakunipiga hata nilipovunja chungu. Hilo peke yake lilitosha kunitia wasiwasi.

Niliporudi nyumbani, nyumba haikuwa ile. Mama alikuwa chumbani, amevaa nguo nyeupe isiyo na nakshi, mikono haina bangili, macho hayana wanja, na hatoki nje. Na mlangoni kwake, kwenye kigoda, alikaa Shangazi Hadija, dada yake baba, aliyehama kwake Bangwe na madumu yake ya mawese na kuhamia kwetu kana kwamba hiyo nyumba ameirithi. Alikuwa mwanamke mrefu, mkavu, mwenye macho yaliyoanza kuingia ukungu, na alikohoa kila baada ya dakika chache hata kama hana kikohozi.

Ninyi wenzangu mmeshaelewa. Mama alikuwa anakaa eda. Baba alishakufa. Lakini mimi sikuambiwa, kwa amri ya shangazi: mtoto asiambiwe mpaka mama yake atoke, asije akaingia mle ndani kumlilia akamvunja moyo. Alidhani ananihurumia. Mimi niliambiwa baba amesafiri, jambo ambalo nilikuwa nalijua.

"Shangazi, baba atarudi lini?"

"Mama yako akitoka ndani tutazungumza."

"Na mama atatoka lini?"

"Mistari ikitimia."

"Mistari mingapi?"

"Kumi na mitatu. Kula ugali wako, mwana wanje." Mwanangu, yaani. Alipenda kuniita hivyo kwa Kiha, na mimi kila aliponiita hivyo nilijisogeza mbali naye.

Mistari yenyewe niliijua. Kila siku baada ya swala ya magharibi, shangazi alichukua kipande cha mkaa jikoni, akakichovya kwenye mawese ili kisifutike, akaingia chumbani kwa mama na kuchora alama moja ukutani. Duara, kisha mkia ulioanzia kwenye ukingo wa duara ukajikunja kuingia ndani. Kumi zikifika, alianza mstari mwingine chini yake. Mimi nilikuwa nasimama mlangoni natazama. Nilitazama pia mambo mengine. Saa ya sebuleni ilikuwa imesimama, na mishale yake imekaa kwenye saa tisa na robo siku nenda siku rudi. Kalenda ilibaki kwenye ule mwezi aliouacha baba. Mtu mzima angeona nyumba ya msiba isiyo na wa kuishughulikia. Mimi niliona kazi ya mtu.

Nilimpelekea ushahidi wangu Furaha. Furaha alikuwa jirani yetu, ana miaka kumi, na ukoo wao ulitoka ng'ambo, kwa hiyo nyumbani kwao Kiswahili kilikuwa na ladha nyingine. Nilimchorea alama ile mchangani kwa kijiti. Akainamisha kichwa upande huu, akainamisha upande ule, kisha akaifuta haraka kwa kisigino.

"Usiichore ovyo," akasema. "Hiyo naijua. Ni ya kufunga siku."

"Kufunga vipi?"

"Bibi yangu anasema kule kwetu bantu banaichora chini ya mtumbwi. Mkia ukiingia ndani, siku inafungwa, haitembei. Mkia ukitoka nje, siku inakimbia. Shangazi yako kauchora wapi?"

"Ndani," nikasema.

"Basi kazifunga," Furaha akasema, akakung'uta mikono kama mtu aliyemaliza kazi.

Lazima niwaambie kwamba Furaha alikuwa mwongo kuliko watoto wote wa mtaa wetu. Alishatuambia bibi yake alimeza kisu akakitoa kikiwa kimenolewa. Tangu nilipokuwa mtu mzima nimewauliza watu wengi wa Kalemie, na wavuvi, na wazee, hakuna hata mmoja aliyewahi kusikia alama ya kufunga siku. Lakini wakati ule maneno yake yaliingia kwenye mashaka yangu yakakaa vizuri. Saa imesimama. Kalenda imesimama. Baba yuko ng'ambo hawezi kurudi kwa sababu siku ya kurudi haifiki. Na mwenye mkaa ni mmoja tu.

Tangu hapo nilimchunguza shangazi kama polisi. Jumamosi moja alinichukua kwenda sokoni kuuza mawese, na pale kwenye kibanda nikaona kitu kilichonifanya nishike nguzo. Madumu yake yote ya njano, yale aliyokuja nayo kutoka Bangwe na yale aliyoletewa kwa baiskeli, yalikuwa na ile alama. Duara na mkia ndani. Kwenye madumu ya wanawake wengine kulikuwa na alama nyingine, msalaba, nukta tatu, kitu kama samaki, lakini hizo sikuzitilia maanani hata kidogo. Nilijua sasa siku zetu alizifungia wapi. Alikuwa akizitia humo ndani, anazifunika, na anaziuza kwa kipimo cha chupa.

Niliacha kula mawese. Katika nyumba ya Kigoma hilo ni jambo kubwa. Maharage yana mawese, mchicha una mawese, hata muhogo ukikaangwa ni mawese. Nilikuwa nakula ugali mkavu huku namkodolea macho. Shangazi akanishika paji la uso, akanishika shingo, akatuma mtu aniletee ndizi za kuiva kutoka Kalinzi. Nilizila ndizi zile na sikumshukuru.

Halafu ikatokea ile ya madrasa. Mtoto mmoja wa kike, tuligombania mkeka, akaniambia mbele ya wenzetu, "Kwanza baba yako kafa." Nilimng'ata bega mpaka damu. Nilijua ni tusi. Watoto wanatukanana mama na baba kila siku, na huyu alichagua tusi baya kuliko yote. Mama yake akaja kwetu analia na kupiga kelele, nami nikajificha nyuma ya pipa la maji nikisubiri fimbo. Shangazi alimsikiliza, akaingia ndani, akatoka na dumu dogo la mawese akampa yule mama, wakanong'ona, yule mama akaondoka ameinamisha kichwa. Mimi sikuguswa. Usiku ule sikufikiri jambo lingine ila hilo: kwa nini sikuguswa? Mtu asiyekupiga ukiwa na kosa anakuficha kitu.

Nikaamua. Kama siku zimefungwa kwa mkia wa kuingia, mimi nitachora mikia ya kutoka.

Haikuwa rahisi. Mle chumbani niliruhusiwa kuingia kupeleka chakula na kutoa vyombo, zaidi ya hapo shangazi alikohoa na mimi nikatoka. Lakini alasiri, shangazi alipokwenda uani kutawadha na kuswali, ulikuwapo upenyo mdogo, na siku nyingine mama alikuwa amelala saa hizo. Siku ya kwanza nilichukua mkaa, nikauchovya kwenye kikombe cha mawese, nikanyata. Mama alikuwa amelala ubavu kwenye mkeka, uso ameuelekeza ukutani. Nikasimama karibu na miguu yake, nikajinyoosha, nikachora duara mbele ya alama ya mwisho ya shangazi. Mkia nikautoa nje, mrefu, wa kukimbia kweli kweli. Kisha sikutoka mara moja. Nilichuchumaa pale nikamnusa mama. Alikuwa hapaki tena mafuta yake ya karafuu na alinukia sabuni ya kipande, lakini kwenye shingo bado alikuwa yeye. Nilikaa mpaka niliposikia ndoo uani.

Jioni ile shangazi aliingia kuchora. Uso aliusogeza ukutani mpaka pua ikakaribia kugusa, akahesabu kwa kidole. Akarudia.

"Wifi," akamwambia mama, "jana si niliacha saba kwenye mstari huu?"

Mama hakugeuka. "Nane, wifi. Jana ulichora ya nane."

"Mh. Hizi siku zinakimbia."

Akachora ya tisa. Mimi mlangoni nilijiziba mdomo kwa mikono miwili. Ilikuwa imefanya kazi! Haikuishia ukutani peke yake, hata kichwani mwa mama siku ilikuwa imesogea. Nilikimbia kwa Furaha kumwambia, na Furaha, ambaye nadhani alikuwa mtu wa kwanza kushangaa, akaniambia nisizidishe, zisije zikaenda mbio zikatupita.

Nilipata nafasi mara tisa. Mara tisa katika wiki zote zile nilinyata, nikachora, nikachuchumaa nikamnusa mama, nikatoka. Kila mara nilikuta amelala. Sikujiuliza mtu gani analala usingizi mzito hivyo, mtoto anatweta karibu na shingo yake. Mimi mwenye kushuku kila kitu, hilo sikulishuku.

Mistari kumi na mitatu ikatimia. Shangazi alitangaza jioni, kwa sauti iliyokuwa imelainika, kwamba kesho baada ya swala ya alfajiri tutakwenda ziwani, mama ataogeshwa, kisha watu wataitwa nyumbani kwa dua. Nilichagua gauni mwenyewe. Nikachagua lile la njano ambalo baba alisema nikilivaa ananiona kutoka katikati ya ziwa.

Tulitoka watatu tu. Mama amejifunika shuka, shangazi amebeba ndoo na sabuni, mimi nimebeba kata ya kuchotea. Njia ya kwenda mwaloni, pale wavuvi wanapoegesha, ni ndefu kwa miguu ya mtoto, lakini nilikuwa mbele yao muda wote. Umande ulikuwa baridi. Nilikuwa nimepanga la kumwambia baba kwanza, nalo lilikuwa juu ya kalenda, kwamba sikuigusa.

Mwaloni kulikuwa kimya. Mitumbwi yote imevutwa juu mchangani, taa zimetolewa, nyavu zimeanikwa. Na juu ya milima ya ng'ambo ulikuwa umekaa mwezi mkubwa, mzima, wa manjano, unakaribia kuzama. Shangazi akainua uso, macho yake yasiyopambanua akayaelekeza huko. "Kumekucha vizuri leo," akasema.

Mama alisimama akautazama ule mwezi kwa muda. Kisha akanishika mkono, tukaingia majini wawili, mpaka maji yakanifika magotini na upindo wa gauni langu ukalowa. Shangazi alibaki nyuma anafungua sabuni.

"Baba yuko kwenye boti ipi?" nikauliza.

Mama akachuchumaa majini, nguo na yote, uso wake ukawa sawa na wangu. "Hakuna boti, Zaina. Unaiona ile milima?"

"Naiona."

"Baba yako yuko pale. Alishikwa na homa, siku ya tatu ikamchukua. Wamemwosha, wamemswalia, wamemzika vizuri. Hatarudi."

Nakumbuka kwamba nilitazama milima kwa makini, kana kwamba nikijitahidi ningemwona. Nakumbuka maji yalikuwa na joto kuliko hewa. "Lini?" nikauliza.

"Ulipokuwa Simbo."

"Lakini nimezikimbiza siku," nikasema, na hapo ndipo kilio kikanitoka. "Nimezikimbiza afike!"

"Najua," mama akasema, akanikumbatia na ile nguo iliyolowa. Neno lile lilinipita wakati ule.

Tulilia pale majini mpaka shangazi akatuita. Mama akajifuta uso, akasimama, akamgeukia. "Wifi, usinimwagie maji. Eda haijaisha."

"Haijaishaje? Mistari imetimia."

"Mwezi huu hapa, mzima. Na mitumbwi iko nchi kavu. Mume wangu alikufa wavuvi wakiwa wamepumzika kwa mbalamwezi. Miezi minne inarudisha mbalamwezi, halafu bado siku kumi. Tulitakiwa tutoke kukiwa na giza, dagaa wanavuliwa, mwalo huu umejaa wanawake wanaanika. Hebu sikiliza. Unamsikia mtu?"

Shangazi akasikiliza. Hapakuwa na mtu. Kila mwenyeji wa ufukwe ule anajua, dagaa hufuata taa, na mwezi ukiwaka taa haina kazi, wavuvi hulala kwao. Uso wake ukabadilika. Akaiacha ndoo ikaanguka.

"Macho yangu," akasema. "Ee Mungu, macho yangu haya! Nimehesabu vibaya. Nimekuharibia eda yako, wifi, eda ya kaka yangu!" Akakaa mchangani, mwanamke mrefu yule, akajipiga mapaja. Sikuwa nimewahi kumwona akilia, hata machozi ya kitunguu.

"Hujaharibu. Hakuna aliyetuona. Turudi. Zimebaki tisa."

Tisa. Nilisikia namba ile nikajua ni zile zangu. Nilikuwa na nafasi ya kusema. Shangazi alikuwa pale chini anayalaani macho yake, na mimi nilikuwa nimesimama na gauni langu la njano, ninajua, na sikusema. Nilimwacha abebe lawama. Alibeba mpaka anakufa, kila alipopotewa na hesabu ya kitu, hata ya vikombe, alisema, "Mimi tena? Mimi niliyemtoa wifi yangu kabla ya siku zake?"

Tulirudi kabla jua halijapanda, na mama akaingia tena ndani. Jioni shangazi alichovya mkaa wake, akasimama mbele ya ukuta, kisha akaniita. "Njoo unihesabie wewe, mwana wanje. Wewe macho yako mazima." Akaniamini mimi. Siku tisa nilisimama kando yake nikahesabu kwa sauti, kwa uaminifu wote, na kila nilipotaja namba alinipapasa kichwa. Sikumkwepa tena. Siku moja katika hizo tisa alipanda kiti akarudisha betri za saa, akasema aliziazima kwa ajili ya tochi yake wakati wa msiba akasahau. Saa ikaanza kutembea, na mimi nikaenda kulia nyuma ya pipa la maji.

Mengine niliyajua nikiwa mtu mzima. Alama ile ilikuwa jina la shangazi. Hakusoma, na wauza mawese wa mwaloni kila mmoja ana alama yake kwenye madumu, yasichanganyike yakivushwa. Yake ilikuwa hiyo. Jioni zote zile alikuwa anaandika jina lake pale ukutani, kwamba leo nilikuwapo, nilikaa na mke wa kaka yangu.

Na mama aliniambia yake mwaka huu, wiki chache kabla ya kuondoka, tukiwa tunachambua mchele. Hakutangulia na lolote. "Zile alama zako," akasema, "nilikuwa macho."

"Zote?"

"Zote tisa. Ningefumbua macho usingerudi tena. Nilikuwa nikikusikia unavyohema shingoni, nasema moyoni, aongeze, aongeze tu."

"Na pale ziwani? Ulijua siku hazijafika, ukatoka?"

Aliendelea kutoa mawe kwenye mchele. "Nilijua. Watu wa dua wangejaa hapa, ungesikia kwa mtu yeyote, nami sijakushika mkono. Nilitaka usikie kwangu, tena palipo na ile milima uione. Mle ndani sikuweza; kila nikifungua mdomo, wifi anakohoa. Hilo la kutoka ni langu na Mungu wangu, nimelitubia. Wifi ndiye sikumwambia. Nilikulinda wewe, nikamwacha yeye na macho yake. Hilo ndilo linaniuma."

Tulikuwa tumekula njama dhidi ya mtu mwema, mama na mimi, bila kuambiana, kwa miaka yote hiyo.

Lakini linaloniuma mimi ni jingine, nalo sikumwambia mama. Mpaka ile alfajiri nilikuwa na baba. Watu wote Ujiji walishamzika, mimi peke yangu nilikuwa naye mzima, anakunja vitenge Kalemie, anakuja. Ningeiacha mikia ya shangazi ifanye kazi yake, ningekaa naye siku tisa zaidi. Ni mimi niliyezikimbiza. Alama ya Furaha, ya uongo mtupu, ilifanya kile alichosema itafanya.

Nilisimama mbele ya ukuta nikazitafuta. Si vigumu kuziona: mikia ya shangazi yote imejikunja ndani, na yangu tisa, mirefu, ya kitoto, imetoka nje inaelekea dirishani. Mistari kumi na mitatu, na chini yake ule wa mwisho, ulioishia kwenye tisa, pengo moja halijajazwa.

"Dada," fundi akasema nyuma yangu, "nianzie huku?"

"Anzia chumba kile kingine," nikamwambia. Alipotoka nilikwenda jikoni, nikachukua kipande cha mkaa, nikakichovya kwenye mawese ya mama yaliyobaki kwenye chupa. Nikarudi nikachora ya kumi. Mkia nikauingiza ndani.